Mahekalu ya Bangkok na mwongoza watalii wako binafsi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ninakwenda Bangkok kufuata mzigo wa nguo pale Pratunam, na kila safari huacha asubuhi moja kwa ajili ya mahekalu. Wenzangu wakishajua, huniuliza maswali yale yale. Nimeyaweka hapa pamoja, kuanzia ya mwanzo kabisa hadi yale ambayo mtu huyauliza kwa sauti ya chini. Bei nilizotaja ni za baht na hupanda mara kwa mara, kwa hiyo ziulizie tena kabla hujatoka.

## Mambo ya mwanzo

Mahekalu ni mengi mno. Nianze na lipi?

Yapo mamia, na hakuna anayeyamaliza. Kwa mara ya kwanza chukua matatu yaliyo karibu na mto Chao Phraya: Wat Phra Kaew, lililo ndani ya eneo la Kasri Kuu, Wat Pho lililo upande wa kusini wa kasri hilo, na Wat Arun ng'ambo ya mto. Neno "wat" ndilo hekalu kwa Kithai, lakini maana yake ni eneo zima: kumbi za ibada, minara, miti, na kwa kawaida makazi ya watawa. Wat Phra Kaew ni la pekee kwa kuwa hakuna mtawa anayeishi humo. Ni hekalu la mfalme.

Matatu kwa nusu siku yanatosha. Nimeona watu wamepangiwa saba kwa siku moja, na jioni wote wanasema kitu kimoja: "Niliona sanamu za dhahabu."

Kwani siwezi kwenda mwenyewe?

Unaweza. Njia ni rahisi: treni ya chini ya ardhi ina kituo cha Sanam Chai, kilichofunguliwa 2019, na kutoka hapo unatembea kwa miguu hadi Wat Pho. Tiketi unakata mlangoni.

Ninachokisisitiza ni kwamba mahekalu haya ni kama kitabu kilichoandikwa kwa picha. Kuta za ua wa Wat Phra Kaew zina michoro 178 inayosimulia kisa cha Ramakien, ambacho ni Ramayana, utenzi wa kale wa Kihindi, kwa namna ya Wathai, kikienda kutoka mchoro hadi mchoro kuzunguka ua mzima. Bila mtu wa kukusomea unaona nyani wanapigana, basi. Ukiwa na mwongozaji, unamjua Hanuman, shujaa wa nyani hao, unajua amemfuata nani na kwa nini, na watoto uliokuja nao hawataki kuondoka.

Mwongozaji binafsi ana tofauti gani na kundi la basi?

Kundi la basi linafuata bendera. Mwongozaji wako anafuata wewe: ukitaka kukaa nusu saa kimya mahali pamoja, mnakaa, ukitaka kuswali adhuhuri, anakupangia njia ya kupita msikitini, mama akichoka, mnapumzika. Malipo yake kwa kawaida ni ya kundi lenu zima na si kwa kichwa, kwa hiyo mkiwa wanne mnagawana.

Je, yupo anayezungumza Kiswahili?

Sheria ya Thailand inawatengea raia wa Thailand kazi ya kuongoza watalii. Mswahili mwenzetu anayeishi Bangkok anaweza kukusindikiza kama rafiki, lakini akilipwa kwa kukuongoza anavunja sheria, na polisi wakimkuta, anayeumia ni yeye. Tusiwatie ndugu zetu matatani kwa kutaka kuokoa pesa kidogo.

Waongozaji wengi wanatumia Kiingereza. Wapo pia wa Kifaransa, ambao watu wa Kongo na Burundi huwapenda, na wa Kiarabu, wanaowafaa ndugu zetu wa Oman na Ghuba. Taja lugha unayoitaka wakati wa kuagiza, usingoje siku yenyewe.

## Kumpata mwongozaji wa kweli

Nitamjuaje kuwa ni halali?

Mwongozaji aliyesajiliwa ana leseni ya Idara ya Utalii, kadi yenye picha na namba yake, na huivaa shingoni akiwa kazini. Mwombe akutumie picha ya kadi kabla hujalipa chochote. Aliye halali haoni vibaya kuombwa.

Safari yangu ya pili nilimchukua kijana aliyekuja kunisemesha kwenye mapokezi ya nyumba ya wageni. Hakuwa na kadi, na mimi sikuuliza. Tulifika hekalu moja kwa dakika kumi na tano, kisha tukashinda saa mbili katika duka la vito ambako mlango ulifungwa nyuma yetu na watu wanne wakanizunguka na trei za yakuti. Sikununua. Lakini asubuhi ile haikurudi, na kesho yake nilikuwa na ndege.

Mtu ameniambia nje ya geti kwamba hekalu limefungwa leo. Nifanye nini?

Mshukuru, endelea kutembea hadi mlango wa tiketi ukajionee. Huu ni mtego wa siku nyingi karibu na Kasri Kuu. Mtu nadhifu, mwenye adabu, anakwambia kuna sherehe, au watawa wanasali, pamefungwa hadi mchana. Kisha kwa bahati iko bajaji ya bei ya chini sana itakayokuzungusha kwingine. Mwisho wa mzunguko ni duka la vito au la suti. Vito ni biashara ya kweli Bangkok, na watu wetu wa tanzanite wanalijua soko hilo vizuri, ila mahali pa kununua jiwe si mahali ulipoletwa na dereva anayelipwa kwa kukuleta.

Kweli kuna siku Wat Phra Kaew hufungwa kwa ajili ya ibada za kifalme. Mwongozaji mwenye leseni atakuwa ameshajua.

Kabla ya kukubaliana, tuelewane juu ya nini?

Juu ya kilichomo ndani ya bei. Tiketi zimo? Boti? Gari? Chakula chake na chenu? Mwambie pia waziwazi, kwa maandishi: "Hatutaki duka lolote." Sentensi hiyo moja huokoa siku.

Halafu saa. Ukimwandikia "saa 2" atafika saa nane mchana au asifike kabisa, kwa hiyo andika 08:00. Cha kupendeza ni kwamba Wathai nao, katika mazungumzo ya kila siku, huhesabu usiku kama sisi: saa moja ya usiku kwetu, kwao nayo ni ya kwanza, saa mbili ni ya pili. Mwongozaji wangu aliposikia tunahesabu hivyo Afrika Mashariki alicheka kwa furaha, akawaambia wenzake wote kwenye boti.

## Mavazi na adabu

Nivae nini?

Mabega na magoti yafunikwe, kwa wanaume na wanawake. Wat Phra Kaew ndiko wanakokagua kwa ukali zaidi: kaptura, suruali za kubana mwili, jinzi zilizochanika na nguo zisizo na mikono hurudishwa getini. Wakati mwingine hata kujitanda mtandio juu ya mabega wazi hawaukubali, basi vaa kabisa nguo yenye mikono.

Mimi husafiri na kanga. Nikikuta nimevaa gauni lisilotosha urefu naifunga kiunoni, nikikaa sakafuni naifunika miguu, jua likizidi najitanda. Kuna bibi mmoja anayeuza maua nje ya Wat Pho aliishika pindo, akauliza kwa ishara maandishi yale yanasema nini. Nilimweleza kwa kupitia mwongozaji kwamba ni methali, na kwamba kwetu nguo husema. Akaagiza nimletee moja, na nimempelekea.

Dada wa hijabu na baibui hawana shida yoyote. Kaka wa kofia aivue ndani ya ukumbi. Ukiwa na kofia ya kiislamu, mwongozaji atawaeleza, na mara nyingi hawakugusi.

Viatu je?

Vinavuliwa kabla ya kuingia ukumbi wowote wa ibada, kama msikitini. Vaa ndala au viatu visivyo na kamba. Soksi nyembamba ziwe mfukoni, maana adhuhuri marumaru ya nje inaunguza nyayo kama bati la paa.

Ni makosa gani tunayoyafanya bila kujua?

Kubwa ni miguu. Ukiketi mbele ya sanamu ya Buddha, nyayo zisielekee kwake. Kunja miguu pembeni au nyuma, kama tunavyokaa kwenye mkeka. Kizingiti cha mlango kiruke, usikikanyage. Usimguse mtu kichwani, hata mtoto mzuri kiasi gani.

Mwanamke hamgusi mtawa na hampi kitu mkononi moja kwa moja. Huweka juu ya kitambaa au mezani naye akachukua. Kwenye boti na mabasi, usiketi ubavuni pake. Ukimsalimu kwa kuunganisha viganja kifuani, hatairudisha salamu hiyo. Usione amekudharau, ndiyo taratibu yao.

Saa 2 asubuhi na saa 12 jioni wimbo wa taifa ukipigwa hadharani, simama. Na mfalme na familia yake si mada ya mzaha wala ubishi: kuwatusi ni kosa la jinai lenye kifungo cha miaka 3 hadi 15. Usimuulize mwongozaji maswali ya kumtega, ana watoto wa kulea.

Mimi ni Mwislamu, au Mkristo. Ninaruhusiwa kuingia?

Kwa upande wao, milango iko wazi na hakuna atakayekuuliza dini yako wala kukulazimisha kusujudu, kuwasha udi au kutoa sadaka. Unasimama pembeni, unanyamaza, unatazama. Kwa upande wa imani yako, muulize sheikh wako au padri wako, si mimi.

Kwa swala, mwambie mwongozaji mapema. Msikiti wa Haroon uko Bang Rak, karibu na mto, unafikika kwa boti, na mitaani jirani yake kuna chakula halali.

Niko hedhini. Naweza kuingia?

Katika mahekalu haya ya Bangkok hakuna anayeuliza wala kibao kinachokataza. Kaskazini mwa nchi kuna mahali ambapo wanawake, wote, hawaruhusiwi kupita sehemu fulani. Ukienda huko, vibao husema.

## Hekalu kwa hekalu

Buddha wa Zumaridi mbona ni mdogo hivyo?

Kila mtu hushangaa. Sanamu ile ya Wat Phra Kaew ina urefu wa sentimita 66 hivi, na imeketi juu sana, juu ya kiti kirefu cha dhahabu. Wala si zumaridi. Ni jiwe la kijani lililochongwa kipande kimoja. Iligunduliwa Chiang Rai mwaka 1434 baada ya radi kupasua mnara, ikahamahama miji na falme, ikaletwa na jeshi kutoka Vientiane, Laos, mwaka 1779. Mji mkuu ulipohamishiwa ukingo huu wa mto mwaka 1782, ilijengewa hekalu.

Kwa hiyo usiingie ukitafuta ukubwa. Tazama nguo. Ana mavazi matatu, ya kiangazi, ya masika na ya baridi, na mfalme mwenyewe huja kumbadilisha majira yanapogeuka. Mwambie mwongozaji akuonyeshe ni vazi lipi limevaliwa siku hiyo. Ndani ya ukumbi huo picha ni marufuku kabisa.

Tiketi ni baht 500 kwa mgeni, na huuzwa kuanzia saa 2:30 asubuhi hadi saa 9:30 alasiri. Fika mlango unapofunguliwa. Kufikia saa 4 ua unajaa.

Wat Pho kuna nini zaidi ya yule Buddha aliyelala?

Kwanza mpe haki yake huyo aliyelala. Urefu mita 46, kimo mita 15, dhahabu tupu kwa nje. Ukumbi umemkaza kiasi kwamba humwoni wote kwa mara moja. Unamwona kwa vipande kati ya nguzo: jicho, kiwiko, ubavu. Hajapumzika tu, anaonyeshwa akiingia nirvana ya mwisho, yaani akifariki bila kuzaliwa tena. Ukifika mwisho wa ukumbi utakuta nyayo zimesimama kama mlango, zimetiwa ganda la chaza linalong'aa katika alama 108 za heri. Inama karibu. Kila alama ni mchoro kamili: ndovu, simbamarara, ua, kasri, na chaza inang'aa kijani ukisogeza kichwa.

Nyuma yake ukutani kuna bakuli 108 za shaba. Watu hubadilisha noti kwa sarafu ndogondogo, wakapita wakidondosha moja moja hadi mwisho. Sauti yake ni ya mvua inayoanza juu ya bati. Usipotaka kudondosha, simama usikilize.

Nje sasa, ambako wageni wengi hawafiki. Katika karne ya 19 mfalme Rama III aliamuru elimu ya wakati huo ichongwe kwenye mawe ya hekalu hili: tiba, mashairi, historia, mishipa ya mwili. Likawa kama chuo kwa wote, na maandishi hayo yameingizwa na UNESCO katika orodha ya Kumbukumbu ya Dunia. Kati yake kuna michoro ya mwili inayoonyesha mahali pa kukanda, na shule ya masaji ipo hapo hapo ndani. Baada ya kutembea kutwa Pratunam na magunia, mkando wa nusu saa wa miguu pale ni dawa. Tiketi ya hekalu ni baht 300.

Wat Arun limenakshiwa kwa nini?

Kwa vyombo. Hili ndilo hekalu langu. Ukiliona kutoka ng'ambo ni mnara wa kijivu. Ukivuka kwa kivuko kutoka gati la Tha Tien na kusogea hadi ukutani, unakuta maua elfu na elfu, na kila ua limeundwa kwa sahani na vikombe vya kauri ya Kichina. Petali ni kipande cha sahani, moyo wa ua ni kitako cha bakuli. Kauri nyingi zililetwa na merikebu za China zikiwa uzito wa kutuliza chombo baharini.

Nilipoziona mara ya kwanza nilisimama pale nikakumbuka Kunduchi. Makaburi ya mnara ya pwani yetu, Kunduchi, na Mambrui kule Kenya, nayo yalipambwa kwa bakuli za Kichina zilizopachikwa kwenye chokaa. Bahari ile ile na kauri za nchi ile ile, kwetu zikawekwa kwa wafu wa Kiislamu na kwao kwenye mnara wa Kibuddha. Nilimwonyesha mwongozaji picha ya Kunduchi kwenye simu. Yeye aliyenifundisha asubuhi nzima akakaa kwenye ngazi, akaanza kuniuliza mimi.

Ngazi za mnara ni za wima kweli; wenye magoti mabaya wabaki chini, maua mazuri yako chini. Tiketi baht 200.

Nikibaki na muda, niongeze lipi?

Wat Traimit, mwanzoni mwa Yaowarat, mtaa wa Wachina. Humo mna Buddha wa dhahabu wa tani 5.5. Kwa miaka mingi alikuwa amefunikwa plasta na hakuna aliyejali. Mwaka 1955 walipokuwa wakimhamisha, akaanguka, plasta ikapasuka, dhahabu ikaonekana.

Mwenye nguvu za miguu apande Mlima wa Dhahabu wa Wat Saket jioni. Ngazi zake ni za kuzunguka taratibu, si kama za Wat Arun.

## Yasiyo ya kawaida

Nina mzee, au watoto wadogo. Itawezekana?

Wat Pho ni tambarare kwa sehemu kubwa na lina vivuli. Wat Phra Kaew lina jua kali na umati. Nenda nao mapema au liruke. Watoto wafupi kuliko sentimita 120 hawalipi katika yote mawili. Aprili ndiyo joto la kupindukia. Novemba hadi Februari hewa ni nzuri zaidi.

Naweza kununua sanamu ya Buddha nirudi nayo?

Kutoa sanamu nchini kunahitaji kibali cha Idara ya Sanaa ya serikali, na forodha hukagua. Zaidi ya sheria, Wathai huumia kuona uso wa Buddha kama pambo la sebule au la mkeka wa mlangoni. Nunua udi, nunua kitambaa.

Tumekuta msiba hekaluni. Turudi?

Hapana haja. Wathai hufanyia mazishi hekaluni, na miili huchomwa huko. Ukiona watu wamevaa nyeusi na watawa wanasoma, pita mbali kimya, usipige picha. Mwongozaji atakubadilishia njia.

Nataka kuona watawa wakipokea chakula asubuhi.

Amka. Hutoka kama saa 12 asubuhi, peku, na bakuli. Hawali tena baada ya adhuhuri, kwa hiyo hicho ndicho chakula chao cha siku. Ukitaka kutoa, fuata yaliyosemwa kwenye swali la makosa, na muulize mwongozaji ununue nini. Kama ni mwanamume, muulize pia kama yeye amewahi kuwa mtawa. Wanaume wengi wa Kithai huvaa joho kwa muda, wengine kwa miezi mitatu ya masika, kisha hurudi kazini. Wangu alifanya hivyo kwa ajili ya mama yake, na kisa hicho kilinifunza zaidi ya tiketi zote.

Wananitazama sana. Ni ubaya?

Mara nyingi ni udadisi. Wanafunzi wataomba picha nawe. Ukikataa kwa tabasamu wanaelewa.

Tiketi yangu imeandikwa 2568. Nimeibiwa?

Hujaibiwa. Kalenda ya Thailand iko mbele ya yetu kwa miaka 543, kwa hiyo 2025 yetu ni 2568 yao.

Na kabla ya yote, uwanja wa ndege?

Ukitoka Tanzania, Kenya, Uganda, Rwanda, Burundi au Kongo, wanadai cheti cha homa ya manjano, na chanjo iwe imetimiza siku 10 kabla ya safari. Tangu Mei 2025 kuna pia fomu ya kuwasili ya kujaza kwa intaneti, bure, usimlipe mtu. Dawati la afya liko kabla ya uhamiaji. Anza hapo, gonga muhuri, ndipo ukapange foleni ya pasipoti. Asiyejua hupanga foleni ndefu ya uhamiaji, akarudishwa nyuma, na mwongozaji wake anangoja nje.